Mize Aliyemwazima Bi Minyiri Miguu

Paukwa!

Pakawa!

Kale imekwisha?

Haijaisha, itoe tuione!

Basi sogeeni. Mwenye mtoto ampakate. Mwenye usingizi akalale sasa hivi, maana hii ukiianza huiachi njiani.

Hapo zamani za kale, wakati kaa bado akisema na mtu na mtu akimjibu, palikuwa na kijiji cha pwani kilichoitwa Mwambani. Mbele ya kijiji hicho palikuwa na mwamba mrefu. Maji yakijaa, mwamba huuoni. Maji yakipwa, mwamba unatoa mgongo wake juani, na wanawake wanashuka na fimbo na vikapu kwenda kuchokoa pweza.

Kuchokoa pweza ni kazi ya jicho na mkono. Unaliona tundu, unatia fimbo. Pweza anaikamata kwa minyiri yake, yaani ile mikono yake minane, nawe unamvuta.

Katika wanawake hao alikuwamo mmoja jina lake Mize. Mumewe, Vuai, alikuwa amekwenda kisiwa cha mbali kuchuma karafuu. Nyumbani Mize alibaki na watu wawili tu. Mmoja binti yake Kidawa, ndiyo kwanza amejua kukimbia. Wa pili mama mkwe wake, Bi Mwanakheri, mwenye miguu mibovu na ulimi mzima.

Watu wawili tu, lakini kazi! Mize hajatua ndoo, anasikia, "Mkaza mwanangu, uji wangu uko wapi?" Hajapika uji, anasikia, "Mama, nibebe!" Hajambeba mtoto, anasikia, "Mkaza mwanangu, hizo kamba zitasokotwa na nani? Na mimi?" Akiketi kusokota makumbi ya nazi, Kidawa anamshika kanga. Akisimama, Kidawa anamshika kanga. Akitembea, Kidawa yuko nyuma, kanga mkononi.

Siku moja ya bamvua, siku ambayo bahari hujaa na kupwa kuliko kawaida, maji yalikupwa mpaka mwamba ukabaki mtupu. Wanawake wenzake walishuka mapema. Mize alichelewa. Alipofika, matundu yote ya karibu yalikuwa yamekwisha chokolewa. Akaenda mbele. Akaenda mbele tena. Akaenda mpaka mwisho wa mwamba, mahali ambapo watu wa Mwambani hawaendi. Kikapu kitupu, mgongo unamuuma.

Akatia fimbo katika tundu moja kubwa, akasema kwa sauti, "Mikono miwili! Mikono miwili ndiyo nini? Laiti ningekuwa na mikono minane kama pweza!"

Tundu likamjibu, "Ninayo mimi, dada. Nikuazime?"

Mize akaachia fimbo. Akarudi nyuma hatua moja.

Pale tunduni akatoka mwanamke. Kichwa cha mtu, nywele za mtu, kifua cha mtu, mikono miwili ya mtu. Lakini kutoka kiunoni kwenda chini hakuwa na miguu. Alikuwa na minyiri minane, mirefu, inajikunja na kujikunjua juu ya jiwe kama kitu chenye fikira zake.

"Usiogope," akasema. "Mimi ndiye Bi Minyiri. Nakuona kila bamvua. Unakuja umechoka, unaondoka umechoka. Chukua hii minane yangu. Utachokoa matundu manane kwa mara moja. Kikapu kitajaa kabla hujavuta pumzi."

"Na wewe utachukua nini?" Mize akauliza.

"Miguu yako. Nimezaliwa majini, sijapata kukanyaga mchanga mkavu. Nataka nijue ukoje, basi. Tukae mgongo kwa mgongo kwenye kidimbwi hiki, tuseme: chako changu, changu chako, mpaka maji yarudi."

"Mpaka maji yarudi?"

"Mpaka maji yarudi."

Mize akatazama pwani. Akatazama kikapu kitupu. Masikioni akaisikia sauti ya Bi Mwanakheri, mkaza mwanangu hiki, mkaza mwanangu kile. Moyo ulikuwa ukimpiga, pu, pu, pu. Moyo ukipiga hivyo, jamani, usikilizeni. Mize hakuusikiliza.

Akaketi kidimbwini. Wakapeana mgongo. Wakasema wote wawili: "Chako changu, changu chako, mpaka maji yarudi."

Mize akasikia baridi kiunoni. Alipojitazama, hakuwa na miguu.

Bi Minyiri akasimama. Akayumba kama ndama aliyezaliwa asubuhi ile. Akapiga hatua, akacheka. Akapiga nyingine, akacheka zaidi. Akaokota kanga ya Mize, akajifunga. Akaokota kikapu. Kisha akageuka, na sauti yake haikuwa tena na kicheko.

"Shoga, vilivyoning'inia darini mwa pango usiviguse. Vitazame tu. Usiviguse kabisa."

"Pango gani?" Mize akauliza.

Bi Minyiri alikuwa amekwisha ondoka. Na kadiri alivyokwenda ndivyo sura yake ilivyobadilika. Mnajua pweza akikaa juu ya jiwe anakuwa jiwe. Yeye alikaa juu ya miguu ya Mize akawa Mize. Pua ya Mize, shingo ya Mize, hata ule mwendo wa Mize wa kuchoka. Mtu angemwona, angemwita jina.

Mize akasema moyoni, Nifanye haraka, maji hayajarudi. Akaona tundu, akataka kuliendea. Ile mikono minane ikakataa. Akaisukuma. Ikakataa. Mnyiri mmoja ukashika jiwe la nyuma yake, wa pili ukashika jiwe la nyuma zaidi, wa tatu ukamzunguka kiuno, na yote kwa pamoja ikaanza kumvuta kinyumenyume kuelekea lile tundu kubwa.

"Niacheni! Mnanipeleka wapi? Niacheni!"

Mikono haina masikio. Ikamwingiza pangoni, ikashika kingo za mlango huku na huku, ikatulia.

Halafu maji yakaanza kurudi.

Kwanza yalimfika kiunoni. Mize akaita, "Shoga! Maji yanarudi!" Yakamfika kifuani. "Shoga! Tulisemaje? Maji hayo!" Yakamfika shingoni. Hapo hakuita tena shoga, aliita jina la mwanawe. Maji yakaingia mdomoni, yakaingia puani, yakapita juu ya kichwa.

Hakufa. Alivuta maji kama mtu anavyovuta pumzi. Lakini angependa kujua: huyu anayevuta maji ni nani?

Mpo?

Tupo!

Msilale. Sasa ndiyo kwanza.

Kule gizani mwa pango Mize akahisi kitu. Akahisi mchanga wa moto chini ya nyayo zake. Nyayo gani, naye hana miguu? Lakini alihisi. Miguu ilikuwa mbali, na bado ilikuwa yake. Akahisi njia ya vichaka, akahisi kokoto za karibu na kisima. Akahisi kizingiti cha nyumba yake, kile chenye ufa upande wa kushoto. Akahisi sakafu ya baridi. Kisha akahisi vidole vidogo viwili vitatu vinamshika goti.

Akapiga kelele ndani ya maji. Nani atamsikia?

Alisikiwa na kaa mmoja mwekundu, aliyekuwa akiishi katika ufa wa pango lile. Akatoka, akasimama mbali kidogo.

"Binadamu, acha kulia. Utanishtulia watoto."

"Mjomba Kaa," Mize akasema, "niambie, kwa nini mikono hii hainiachi?"

"Tazama juu."

Mize akatazama. Darini mwa pango vimening'inia vishada, vyeupe, vingi, kama punje za mchele zilizotungwa uzini.

"Hayo ni mayai yake," Kaa akasema. "Na pweza jike akishataga hatoki. Hali, hanywi, halali. Analinda tu. Siku mayai yanapoanguliwa ndiyo siku anayokufa. Mama yake alikufa hivyo. Bibi yake alikufa hivyo. Huyu aliogopa. Akasema, mimi sifi. Akatafuta wa kumwachia mikono. Mwenye mikono ndiye mlinzi, na mlinzi ndiye atakayekufa."

"Na wewe huogopi kukaa hapa? Pweza si wanakula kaa?"

"Mikono hiyo imemla baba yangu. Lakini jike anayelinda hagusi chakula. Baharini kote hakuna mahali pa salama kwangu kama hapa."

Kaa akamletea kipande cha chaza. Mize akakitia mdomoni. Koo likafunga, kipande kikarudi. Hapo akajua Kaa hasemi uongo. Akamwimbia:

*Kaa wee, kaa mwenzangu,*
*nenda kwangu, nenda kwangu,*
*aliyevaa miguu yangu*
*amrejeshee mwanangu mama.*

Kaa ni kaa, lakini ana moyo. Maji yalipokupwa akatoka, akaenda upande upande mpaka Mwambani. Maji yalipojaa akarudi.

"Nimemkuta jikoni anapika. Nikamwambia, maji yalikwisha rudi, na wewe rudi. Akasema, 'Tulisema mpaka maji yarudi. Hatukusema yapi. Maji ya bahari yanarudi kila siku na hayaishi kurudi. Nangoja ya mwisho.'"

"Na mwanangu?"

"Analia. Amejificha nyuma ya bibi yake, hataki kumwendea."

Mize akafurahi mwanawe analia. Mama gani hufurahi hivyo? Mama aliye chini ya maji.

Kesho yake akaja Mkunga. Mnamjua mkunga, yule samaki mrefu kama nyoka, meno yake kama misumari. Akaingiza kichwa mlangoni, akatazama dari, akameza mate.

"Bibie," akasema kwa upole, "nimesikia habari zako, nimesikitika. Dawa yako ni rahisi. Mikono hiyo inalinda mayai. Mayai yasipokuwapo italinda nini? Niachie niyale. Mikono itakufungulia, utaogelea ukaitafute miguu yako. Mayai si yako. Wewe yakuhusu nini?"

"Ondoka," Mize akasema.

Mkunga akaondoka. Lakini maneno yake hayakuondoka.

Siku zikapita. Mize akajaribu kutoroka alfajiri, mikono ikamrudisha. Akajaribu wakati wa mkondo mkali, mikono ikamrudisha. Akajaribu kuishika minyiri kwa mikono yake miwili ya kibinadamu na kuibandua jiweni mmoja mmoja. Akibandua wa kwanza na wa pili, akifika wa tatu wa kwanza umekwisha shika tena. Mwili ukakonda. Na muda wote huo miguu ilikuwa ikimpa habari. Leo imesimama kisimani. Leo imekunjwa mkekani. Leo kuna uzito mdogo mapajani, uzito anaoujua, uzito wa mtoto aliyelala.

Akamwimbia Kaa mara ya pili, *kaa wee, kaa mwenzangu*. Kaa akaenda, akarudi.

"Sema, mjomba."

"Nimemwambia, mwenye miguu uliyovaa anakonda. Akasema, 'Na mimi ningekonda.' Nikamwambia, mwenye miguu atamwachia Mkunga mayai yako. Akasema, 'Mikono yangu haitamruhusu.'"

"Bi Mwanakheri hajamtambua?"

"Ameanza kushangaa. Juzi kikongwe alimwita mkaza mwana, hamwoni, kumbe yuko mbele yake. Alikuwa ameketi juu ya mkeka akawa rangi ya mkeka. Bibi akasema macho yake yameingia ukungu."

"Na mwanangu?"

Kaa akatazama pembeni. "Halii tena."



Mkunga akaja mara ya pili. "Umefikiri, bibie?"

Mara hii Mize hakusema ondoka. Alisema, "Niache nifikiri." Na minyiri yote minane ikatetemeka, kana kwamba imesikia.

Akamtuma Kaa mara ya tatu. Kaa akakawia. Aliporudi akasimama mbali kuliko siku ya kwanza.

"Sema."

"Leo sikusema naye. Nilifika, nikachungulia mlangoni. Mtoto alikuwa amemshika kanga. Akasema, 'Mama, nibebe.' Naye akambeba."

Mize akafumba macho. Maneno yale yale! Yale aliyokuwa akiyakimbia. Sasa yanaambiwa mtu mwingine, na huyo anaitika.

Hapo ndipo Mkunga alipokuja mara ya tatu. Hakubisha. "Leo ndiyo leo, bibie. Sema neno moja tu, mikono italegea, mimi nipite."

Mize akafungua mdomo kulisema. Akatazama dari kwa mara ya mwisho, ili ajue anachokiuza. Akaona macho. Katika kila punje mlikuwa na macho mawili meusi, madogo kama ncha ya sindano, na yote yanamtazama yeye. Akasogea kulia, macho yakasogea kulia. Akasogea kushoto, yakasogea kushoto. Yalimfuata pale pangoni kama Kidawa alivyokuwa akimfuata nyumbani.

"Si wangu," Mize akasema polepole. "Lakini hawa hawamjui mwingine."

"Una maana gani?"

"Maana yake hupiti."

Mkunga akaacha upole. Akaruka kama mshale. Minyiri minne ikamkamata, akajikunja kama kamba, akaponyoka. Akang'ata mnyiri mmoja, akaukata ncha, akakimbia nayo mdomoni. Damu ya bluu ikatanda pangoni.

Mize akangoja maumivu. Hayakuja. Mnyiri umekatwa na yeye hakuhisi kitu. Akastaajabu. Kisha akaelewa: Kama mimi nahisi yanayoipata miguu yangu, basi na yeye anahisi yanayoipata mikono yake.

Akamwambia Kaa, "Kimbia ukatazame."

Kaa akaenda, akarudi anahema. "Alikuwa akitwanga. Akaanguka ghafla mbele ya kinu, akauma pindo la kanga asipige kelele. Bibi akamwuliza, 'Una nini?' Akasema, 'Nimejikwaa.' Akainuka, akaendelea kutwanga."

Basi hata maumivu hayamrudishi. Maneno yameshindwa, vitisho vimeshindwa, damu imeshindwa. Mize akajilaza kwenye jiwe. Nguvu zilikuwa zimebaki kidogo kama mafuta ya mwisho katika taa.

Juu yake vishada vilianza kucheza. Mkondo ulikuwa umetulia, lakini vilicheza. Ni vile vijitoto, vinageuka ndani ya mayai, vinatafuta mlango.

Mize akakumbuka mimba ya Kidawa. Siku ya kwanza mtoto alipocheza tumboni, yeye alikuwa njiani na mtungi kichwani. Alisimama pale pale katikati ya njia, watu wakampita, wakamsalimu, hakuwajibu. Dunia yote ilikuwa ndani ya tumbo lake.

Ndipo akajua kwa nini Bi Minyiri alisema usiviguse kabisa.

Akaushika mnyiri mmoja kwa mikono yake miwili. Hakuuvuta kwa nguvu kama zamani. Aliupapasa, kama mtu anavyompapasa mtoto mwenye homa. "Njoo," akaunong'oneza. "Hatukimbii. Njoo uwaone." Mnyiri ukasita, ukaachia jiwe. Mize akauinua mpaka darini, akauweka juu ya kishada kimoja, taratibu. Mayai yakacheza chini yake. Mnyiri ukatulia tuli. Kisha ukaja wa pili wenyewe, bila kuitwa. Ukaja wa tatu. Ikaja yote, hata ule uliokatwa, ikavikumbatia vile vishada, na uhai ule mdogo mdogo ukaipiga minyiri yote, tik, tik, tik.

Mize akangoja.

Kule mbali, miguu yake ilikuwa ikitembea. Ikasimama. Akaihisi imesimama katikati ya njia.

Ikasimama muda mrefu.

Kisha magoti yakagusa chini. Mize akafikiri, Imekwisha, ameketi, haji. Lakini miguu ikainuka. Ikapiga hatua moja. Ikapiga ya pili. Ikaanza kukimbia! Akahisi kokoto za kisimani. Akahisi njia ya vichaka, miiba inamchoma, hakuna aliyepata kufurahia mwiba namna ile. Akahisi mchanga, akahisi maji ya vifundoni, akahisi ncha za mwamba zinakata nyayo zake. Njoo, miguu yangu, njoo!

Bi Minyiri akatokea mlangoni, kanga imelowa, na sura ya Mize imemtoka yote. Amekuwa mweupe, amekuwa mwekundu, amekuwa rangi ya jiwe, hajui awe rangi gani.

"Wanacheza," akasema. "Wanacheza, nimewahisi. Nilikuwa natoka kisimani, ndoo ikaanguka."

"Wanataka kutoka," Mize akasema. "Wamekungoja."

"Nikirudi hapo nitakufa."

"Kwa nini hukuniambia tangu mwanzo?"

"Ningekuambia, ungeniazima?"

Wakatazamana, mama mmoja na mama mwingine. Maji yalikuwa yanajaa. Na nyuma ya Bi Minyiri, polepole, akitambaa chini ya mwamba, alikuwa anakuja Mkunga.

"Shoga, nyuma yako!" Mize akapiga kelele. "Haraka! Keti!"

Bi Minyiri akajitupa ndani. Wakapeana mgongo. Wakasema kwa sauti moja, "Changu changu, chako chako, maji yamerudi!"

Mkunga akaruka. Lakini aliyemkuta si Mize tena. Alikuta mikono na mwenyewe. Minyiri minane ikamfunga kutoka kichwani mpaka mkiani, ikamkamua mpaka ile ncha aliyoila ikamtoka. Ikamtupa nje. Tangu siku hiyo mkunga hukaa tunduni anafungua mdomo, anafunga, anafungua, anafunga. Bado anaitafuta pumzi aliyokamuliwa.

Mize sasa ana miguu, lakini hana tena pumzi ya majini. Maji yamemfika kidevuni. Akataka kuogelea, mwili hauna nguvu, akazama. Mnyiri mmoja ukatoka pangoni, ukamshika kiuno, ukamsukuma juu, ukamsukuma mbele, mpaka ulipofika mwisho wa urefu wake. Hapo ukamwachia. Ulikuwa ule uliokatwa ncha.

Akafika Mwambani kwa kutambaa. Bi Mwanakheri alikuwa mlangoni na Kidawa. Kikongwe akamtazama mkwewe, mifupa mitupu, nyayo zinavuja damu.

"Mkaza mwanangu! Umetoka hapa asubuhi umenona, umerudi umekuwa fito?"

"Mama," Mize akasema, "ni habari ndefu."

Akafungua mikono kwa mwanawe. Kidawa hakuja. Alirudi nyuma ya bibi yake, akachungulia kwa jicho moja. Amemzoea mwingine, na mwingine huyo alikuwa hachoki kubeba. Mize hakumlazimisha. Akaketi kizingitini, akanyoosha miguu, akangoja, kama alivyojifunza kungoja. Jua likazama. Bi Mwanakheri mwenyewe akajikokota jikoni, akakoroga uji, akamletea, na ulimi wake siku hiyo ulinyamaza. Mize alikuwa ameinamia bakuli alipohisi vidole viwili vitatu vinamshika kanga.

"Mama, nibebe."

Mize akaweka bakuli chini.

Bamvua lililofuata alishuka mwambani, akaenda hadi mwisho. Maji ya kidimbwi yalikuwa yamejaa vijitoto vidogo kama vumbi la mchele, vinarukaruka, kila kimoja na kichwa cha mtu na minyiri minane. Mkondo ulikuwa ukivichukua kwenda bahari kuu. Pangoni, Bi Minyiri alikuwa amelala, mweupe kabisa, rangi zote amezimaliza. Minyiri yake ilikuwa bado imeinuliwa darini, imekumbatia nyuzi tupu. Uso wake ulikuwa umegeukia mlangoni, mahali walipopitia.

Mize akavua kanga yake ya juu akamfunika. Mjomba Kaa alikuwa pale, ameketi karibu kabisa.

"Aliwaona?" Mize akamwuliza.

"Aliwaona wote," Kaa akasema.

Basi, mliosikia, mmesikia. Kazi ikikuelemea, omba msaada, azima kinu, azima ndoo, azima hata mgongo wa kubebea. Lakini usimwazime mtu mguu unaokurudisha kwako. Na wewe unayekimbia zamu yako, jua kuwa waweza kumtwisha mwenzio mzigo, lakini huwezi kumpa moyo unaoubeba. Nguo ya kuazima haisitiri, na maisha ya kuazima hayalali usingizi.

Hadithi yangu imefika ukingoni, maji yameijia. Aliyeikamata aende nayo kwao. Ambaye imemponyoka aifuate mwambani, ila asitie fimbo tundu la mwisho.